Kuziba mianya ya sakafu ya mbao bila kuiumiza sakafu

Mwezi wa pili, kiangazi kikiwa kimekausha hata nyasi za kingo za barabara hapa Lushoto, mwanya kati ya mbao mbili za sebule ya zamani unaweza kumeza sarafu ikasimama wima. Rudi nyumba hiyohiyo mwishoni mwa mwezi wa tano, masika yakiwa yameloweka milima wiki nyingi, na mwanya ule haupitishi hata ukingo wa karatasi. Mbao ni zilezile, misumari ni ileile, wala hakuna fundi aliyegusa kitu. Kilichobadilika ni unyevu wa hewa.

Kwa hiyo nikiitwa kuziba mianya, swali langu la kwanza kwa mwenye nyumba ni hili: ilianza kuonekana mwezi gani, na je, kuna wakati inajifunga? Jibu lake ndilo linaloamua kazi yote. Kuna mianya inayopumua, yaani inayofunguka na kujifunga kwa majira, na kuna mianya iliyokwisha kukaa, haiendi popote. Ya pili unaweza kuiziba kwa kitu kigumu ukalala usingizi. Ya kwanza ukiiziba kwa kitu kigumu, utaivunja sakafu.

Nilijifunza hili kwa machungu. Mwaka wangu wa pili wa kujitegemea, mama mmoja mtu mzima aliniita kwenye nyumba yake iliyojengwa enzi za Mjerumani. Baada ya shikamoo na marahaba akanionyesha sakafu. "Mwanangu, upepo unanipanda miguuni, na mende wanatokea humo." Ilikuwa Februari. Nikachanganya unga wa mbao na gundi nyeupe, nikashindilia kila mwanya, nikapiga msasa, nikapaka vanishi. Ilipendeza kweli, akaniombea dua. Aprili akanipigia simu. Katikati ya chumba mbao tatu zilikuwa zimenyanyuka na kuegemeana kama paa la kibanda, na misumari imechomoka kwenye boriti. Masika yalikuja, mbao zikataka kurudi kwenye upana wake, zikakuta nafasi yao imejazwa jiwe. Zikatafuta njia nyingine, nayo ilikuwa ya kwenda juu. Nilirudi nikaitengeneza upya bila kumtoza senti.

Mbao inavyotembea

Ubao hauongezeki wala kupungua kwa urefu, au tuseme ni kidogo sana hata usihesabu. Unatembea kwa mapana. Ukiupoteza unyevu unanyauka, ukiupata unavimba. Kwa mbao nyingi ngumu, kila asilimia moja ya unyevu inayotoka hupunguza upana kwa karibu robo ya asilimia. Nyingine hupungua zaidi kidogo, nyingine chini ya hapo. Piga hesabu: ubao wa inchi 6, yaani milimita 150, ukishuka kutoka unyevu wa asilimia 14 hadi 10, umepungua milimita moja na nusu. Ubao wa inchi 3 katika hali hiyohiyo umepungua nusu yake. Ndiyo sababu sakafu ya mbao pana huonyesha mianya mikubwa na sakafu ya vipande vyembamba huigawa mianya hiyo mpaka jicho haliioni.

Aina ya mti nayo ina sauti yake. Mninga na mtiki hutulia. Ni miti inayosifiwa na maseremala kwa sababu haichezi sana baada ya kukauka. Mkaratusi hucheza mno. Na namna gogo lilivyopasuliwa ina uzito wake pia: tazama kichwa cha ubao, pale ulipokatwa. Mistari ya ukuaji ikiwa imesimama, ubao huo utatembea karibu nusu ya ule ambao mistari yake imelala.

Lakini kosa kubwa kuliko yote katika nyumba mpya ni mbao mbichi. Watu wananunua mbao zilizopasuliwa wiki iliyopita, zinanuka utomvu, wanapigilia. Wazee wa kazi hii walihesabu mwaka mmoja wa kukausha kivulini kwa kila inchi ya unene. Sakafu iliyowekwa mbichi itaachana mwaka wa kwanza, na hiyo si mianya ya majira. Ubao umenyauka moja kwa moja. Acha imalize kunyauka kabla hujaigusa. Ukiziba mwezi wa tatu tangu iwekwe, utaziba tena mwezi wa tisa.

Hatua ya kwanza: isome sakafu

Fungua madirisha, ondoa mazulia, piga magoti. Usianze na tundu linalokuudhi. Tazama chumba chote.

Mianya midogo iliyosambaa sawasawa, karibu kila kiungo, ni ya majira. Mwanya mmoja mpana huku jirani zake wamebanana ni habari nyingine: mbao kadhaa zimegandana kwa vanishi au gundi, zikanyauka kama ubao mmoja mkubwa, nafasi yote ikajikusanya mahali pamoja. Mianya inayopanuka kadiri unavyokaribia ukuta mmoja inakuambia uangalie boriti za upande huo, huenda kichwa cha boriti kimeoza au nguzo imetitia. Na mbao zikiwa zimejikunja kama sahani, kingo juu na katikati chini, basi kuna maji yanatoka chini. Hapo weka vifaa vyako kando, utoke nje ukatafute matundu ya hewa ya msingi. Mara nyingi nimeyakuta yamezibwa kwa udongo wa bustani, au mtu ameyapiga plasta kwa kuogopa panya. Yafungue, yawekee wavu, ngoja msimu mzima. Ubao uliokunjwa na maji ukiusawazisha kwa msasa kabla haujakauka, ukija kukauka utabinuka upande wa pili, na safari hiyo huna tena unene wa kuchezea.

Choma choma kingo za mianya kwa bisibisi nyembamba. Ikizama kama kwenye keki, ni mchwa au uozo. Ubao huo hauzibwi, unatolewa. Unga laini kama wa muhogo unaodondoka kutoka vitundu vidogo vya duara ni wadudu wa kutoboa mbao, nao wanamalizwa kwa dawa kwanza.

Hatua ya pili: pima, na upime tena

Huhitaji kifaa cha gharama. Kadi ya benki ina unene wa karibu robo tatu ya milimita, na karatasi ya kawaida ya kuchapia ni kama sehemu moja ya kumi ya milimita. Kwa kadi mbili au tatu zilizokwisha muda na karatasi chache, unaweza kupima mwanya wowote mpaka kufikia milimita mbili na nusu. Juu ya hapo tumia rula.

Chagua sehemu tano: mbili katikati ya chumba, moja karibu na dirisha linalopigwa na jua, moja karibu na jiko au meko, moja kando ya ukuta wa nje. Andika vipimo na tarehe kwa penseli ndani ya mlango wa kabati, mahali hapafutwi. Kisha, kama unaweza kuvumilia, pima tena majira yanapogeuka. Kwa nyanda zetu za juu, kiangazi cha Januari na Februari ndicho kinachofungua sana, na mwisho wa masika ndio unaofunga. Tofauti ikizidi nusu milimita, mwanya huo unapumua. Chini ya hapo, umekaa.

Huwezi kungoja? Basi tazama ndani ya mwanya kwa tochi. Mwanya unaopumua huwa na kingo zilizopondeka kidogo au zilizong'aa pale mbao zinapogusana wakati wa mvua, na takataka zake zimebanwa zikawa ukanda mwembamba mgumu. Mwanya uliokaa una vumbi legelege tu.

Hatua ya tatu: safisha mpaka chini

Kazi hii haina sifa lakini ndiyo inayoshika kila kitu kingine. Chukua msumari wa inchi 3, upinde ncha kama ndoano, uchimbe takataka zote za miaka: nta, mchanga, nywele, sindano za bibi. Fuata kwa brashi ngumu, halafu mashine ya kufyonza vumbi. Usimwage maji. Kama kuna nta au mafuta, futa kingo kwa kitambaa chenye tapentaini na uache usiku mzima.

Vaa barakoa, na si kwa mazoea tu. Vumbi la mvule na la mninga huwasha pua na kifua, na kuna mafundi walioacha kazi kwa pumu iliyoanzia hapo.

Hatua ya nne: kaza kinachocheza

Tembea bila viatu. Ubao unaolia au kushuka chini ya kisigino utaitema fila yoyote, yaani kijazio cha mianya, ndani ya mwezi, kwa hiyo ukaze kwanza. Tafuta boriti kwa kufuata mstari wa misumari ya zamani, toboa kwa keekee tundu dogo, ingiza skrubu badala ya msumari mpya, zamisha kichwa chake milimita nne au tano, kisha ufunike kwa kizibo cha mbao ya aina hiyohiyo, nyuzi zake zikielekea zinakoelekea nyuzi za sakafu. Skrubu moja kila boriti, katikati ya ubao mwembamba. Ubao mpana unataka mbili, lakini usizisogeze kingoni sana, maana utauzuia kutembea na utapasuka katikati.

Mahali mbao zimegandana na kuacha mwanya mmoja mpana, chukua kisu chembamba chenye makali ukate vanishi iliyoziunganisha kwenye viungo vya jirani. Kata tu ule utando wa juu. Msimu unaofuata nafasi itajigawa yenyewe, na mara mbili nimeona mwanya wa milimita tano ukashuka mpaka mbili bila mtu kuongeza chochote.

Sasa kuziba, kwa upana wa mwanya

Chini ya milimita moja, ushauri wangu ni kuacha. Najua wengi hawapendi kusikia hivyo baada ya kununua vifaa, lakini mwanya wa unene wa kadi ni alama ya kawaida ya sakafu ya mbao iliyo hai. Ukikuudhi kwa sababu unaonekana mweupe, weupe huo ni vumbi. Usafishe, pitisha nta laini ya rangi ya kahawia iliyokoza, futa ya juu. Utakuwa mstari mwembamba wa kivuli, na kivuli jicho hukizoea.

Milimita moja hadi mbili, mwanya ukiwa umekaa, fila inafaa. Usitumie gundi nyeupe. Inakauka ngumu kama kioo, inakataa rangi, na pale ilipomwagika kidogo vanishi huacha doa lisilotoka. Tumia unga wa sakafu hiyohiyo. Piga msasa namba 120 mahali pasipoonekana, ndani ya kabati au chini ya kitanda, kusanya ule unga laini kama poda, si maranda wala unga mkubwa wa msumeno, kisha uchanganye na vanishi ya kuzibia vinyweleo, ile ya kupiga msasa, mpaka iwe nzito kama siagi ya karanga. Changanya kidogo kidogo maana inakauka upesi. Ishindilie kwa kisu cha pati ukikivuta kukatisha mwanya kwa mshazari, halafu pita mara ya pili kwa urefu. Iache ivimbe juu kidogo kwa sababu itashuka inapokauka. Kesho yake msasa.

Milimita mbili mpaka sita, ufito wa mbao, na hapa ndipo kazi ya seremala inapoonekana. Tafuta mbao ya aina ileile na ya umri uleule ikiwezekana. Ndani ya nyumba ya zamani kuna hazina: ubao chini ya kabati la ukutani, kipande cha ziada darini, nyuma ya skatingi. Mbao mpya ya mninga itakaa miaka kadhaa ikiwa na rangi tofauti na ya jirani yake iliyokaa juani nusu karne. Pasua fito kwa msumeno wa mezani, kisha zirande kwa mkono ziwe na umbo la kabari: chini nyembamba, juu pana kuliko mwanya kwa unene wa karatasi mbili. Kimo kiwe kama robo tatu ya unene wa ubao, usigonge mpaka chini.

Paka gundi upande mmoja tu wa ufito. Narudia, mmoja tu. Ufito ukishikwa pande zote mbili, umezifunga mbao mbili kuwa moja, na kiangazi kijacho nafasi itafunguka kwingine, au ubao utapasuka. Ukishikwa upande mmoja, upande wa pili utafunguka unywele tu na hakuna atakayeona. Gonga polepole kwa nyundo ya mbao ukiweka kipande cha mbao juu ya ufito, ukianzia ncha moja kuelekea nyingine. Uache umechomoza milimita moja au mbili. Siku ya pili uurande kwa randa yenye makali mapya, ukifuata nyuzi, halafu msasa.

Wakati mzuri wa fito ni Juni au Julai, masika yakiwa yamepita lakini mbao bado hazijaanza kunyauka. Nafasi unayoiona wakati huo ndiyo nafasi halisi ya kudumu. Ukiweka fito Februari, umefanya nilichomfanyia yule mama.

Na mwanya unaopumua, mpana, kuanzia milimita nne na kuendelea? Hapo nakwenda pwani.

Kalafati

Mjomba wangu alikuwa fundi wa vyombo huko Pangani. Nikiwa mtoto nilikaa mchangani nikimtazama akitia kalafati: pamba imesokotwa kama uzi mnene, imelowekwa mafuta, anailaza kwenye mwanya kati ya mbao mbili za jahazi, anaigonga kwa patasi butu, tok tok tok, anasogea shibiri moja, tena tok tok tok. Nilimuuliza mbona hajazi mpaka ikafurika. "Acha nafasi, mwanangu. Chombo kikiingia majini mbao zitavimba, zitaibana zenyewe. Ukiijaza sana, zitaitema." Chombo kikikaa juani ufukweni miezi mingi, mbao hunyauka na mianya hufunguka, kikirudi majini, hujifunga. Sakafu ya Lushoto inaishi maisha yaleyale, ila bahari yake ni hewa ya masika.

Kwa hiyo kwa mbao pana za zamani, kamba ndiyo dawa yangu. Inabanwa mbao zikivimba, inafutuka kidogo zikinyauka, na inazuia upepo na mende mwaka mzima. Nayo unaitia wakati wowote, ila kiangazi ni rahisi zaidi kwa sababu mwanya uko wazi.

Kwa mwanya wa milimita nne hadi saba tumia kamba ya pamba iliyosokotwa, isiwe ya nailoni. Nailoni inateleza na haishiki rangi. Kuanzia nane kwenda juu, katani. Tanga haijakosa katani tangu mkonge ulipoletwa huko mwaka 1893, na kamba ya dukani ya kufungia magunia inatosha kabisa. Chagua kamba nene kuliko mwanya kwa robo hivi: mwanya wa milimita sita, kamba ya nane.

Ipake rangi kwanza. Chemsha majani ya chai mengi, vijiko vinne vya kulia kwa lita moja, uloweke kamba usiku kucha. Ukitaka iwe nyeusi kama kivuli, tia pamba ya chuma ya kusugulia masufuria ndani ya siki, iache siku tatu bila kufunga kifuniko kwa nguvu, kisha chovya ile kamba iliyokwisha kunywa chai. Chuma na tanini ya chai vinakutana, kamba inageuka nyeusi mbele ya macho yako. Isuuze, ianike mpaka ikauke kabisa; kamba yenye unyevu itaozea humo.

Kisha lowesha kwa mafuta ya linsidi, yaani ya mbegu za kitani, yaliyochanganywa nusu kwa nusu na tapentaini, ikamue. Ilaze juu ya mwanya, anza kuishindilia kwa patasi butu au bisibisi bapa uliyoizungushia kitambaa, shibiri kwa shibiri, bila kuivuta. Kamba iliyovutwa itarudi nyuma baadaye na kuacha mapengo kwenye ncha. Iishie milimita mbili au tatu chini ya uso wa sakafu, ili mbao zikibana isichomoze ikakwaa kwenye kisigino. Ncha mbili za kamba zinapokutana, kata mshazari na uzipitanishe. Chumba cha mita nne kwa nne chenye mbao pana kinaweza kula siku mbili nzima za magoti. Weka mto chini.

Vitambaa ulivyofutia mafuta ya linsidi usivirundike kwenye kona wala kuvitupa kwenye ndoo ya takataka. Mafuta hayo yanapokauka yanatoa joto, na rundo likikunjana linaweza kuwaka lenyewe bila kiberiti. Vitandaze kimoja kimoja nje kwenye kamba, au viloweke ndani ya ndoo ya maji. Nyumba yenye sakafu ya mbao haina nafasi ya kujaribu bahati.

Mianya ya vichwa vya mbao

Mbao zinazokutana ncha kwa ncha zikiachana, usikimbilie fila. Kama ni sakafu ya kisasa ya vipande vinavyofungana bila misumari, ubao umeteleza tu. Bandika kipande cha mbao juu yake kwa utepe wa gundi pande mbili, kigonge kwa nyundo ya mpira kuelekea kwenye mwanya, kisha tia tone la gundi kwenye ulimi, ule ukingo wa ubao uliochomoza, kabla haujafunga kabisa. Dakika tano. Kama ni mbao za misumari, kata kipande kidogo cha kuziba chenye nyuzi zinazofuata ubao, maana nyuzi zikikatisha doa litaonekana hata kutoka mlangoni.

Sakafu za pakei

Katika nyumba nyingi za Nairobi, na baadhi ya majengo ya Arusha na Moshi, mbao ni vipande vifupi vya muhuhu au mkangazi vilivyogandishwa juu ya zege, mara nyingi kwa lami. Gonga kila kipande kwa kifundo cha kidole. Kinachoitika kwa sauti ya tupu kimeachia, na mwanya unaouona pembeni yake ni matokeo tu. Kinyanyue, andika namba kwa chaki nyuma yake na mshale wa mwelekeo, kwangua kwa mkono. Gundi nyeusi za zamani usizisage kavu kwa mashine kamwe, kwa sababu baadhi zilichanganywa na asbesto na vumbi lake halitoki tena mapafuni. Kwangua polepole, lowesha kidogo, funga mabaki kwenye mfuko. Gundi ya maji haishiki juu ya lami, kwa hiyo tafuta ile inayoandikwa kuwa inafaa juu yake. Ukirudisha vipande, visogeze vikutane sawa. Mianya midogo iliyobaki inajazwa kwa fila ya unga, maana kipande chembamba hakitembei sana.

Rangi na kuficha

Watu huogopa kitu cheusi, wakachagua fila nyepesi ili ifanane na mbao. Ni kinyume. Jicho linasamehe mstari mweusi kwa sababu linaona kivuli, ila mstari mweupe linaufuata chumba kizima. Chagua rangi iliyokoza hatua moja kuliko sakafu. Na ujaribu kwenye kipande cha pembeni, ukipake vanishi, ukitazame asubuhi karibu na dirisha na usiku chini ya taa. Fila kavu bila vanishi inakudanganya. Rangi ya kweli inatokea inapolowa. Jaribio la haraka ni kuipangusa kwa kitambaa chenye tapentaini: rangi utakayoiona kabla haijakauka ndiyo utakayoishi nayo.

Vanishi ya mwisho ipake nyembamba, tabaka mbili au tatu, na ikiwa umetumia kamba, usiipitishe juu yake ikajaa; vanishi inaigeuza kuwa ufito mgumu na kazi yote ya kupumua imepotea. Mimi hufunika mistari ya kamba kwa utepe wa karatasi wa wapaka rangi, nautoa vanishi ikiwa bado mbichi.

Kama huna fedha mwaka huu, mkeka mzuri ni njia halali ya kuficha. Unapitisha hewa, hauchubui. Zulia lenye mpira chini, hapana: mpira hugandana na vanishi na kuacha doa la njano ambalo hata msasa hulitoa kwa shida, na unyevu unanaswa chini yake.

Usikoshe sakafu kwa ndoo na tambara linalochuruzika. Kitambaa kilichokamuliwa sana kinatosha. Kiangazi, chumba chenye meko au kipasha joto, weka bakuli pana la maji mahali salama. Yale maji yanayopungua kila siku yanaingia hewani na kupunguza kasi ya mbao kunyauka.

Halafu rudi kwenye mlango wa kabati na penseli yako. Pima sehemu zilezile tano Februari inayokuja na mwisho wa Mei, andika chini ya zile namba za kwanza. Yule mama niliyemharibia sebule anafanya hivyo mpaka leo, mlango wake una safu kumi na moja za tarehe, na akinipigia simu siku hizi husoma vipimo kwanza kabla hata ya salamu kwisha.